Majina ya Mpakani kwenye Ubao wa Sataranji

Kutoka Nambale hadi Busia ni mwendo mfupi wa matatu, na kutoka mpakani hadi Kampala ni takribani kilomita 200. Nairobi iko zaidi ya kilomita 400 upande wa pili. Kwa hiyo historia kubwa zaidi ya sataranji katika Afrika Mashariki, ile iliyoanzia vibandani Katwe, mjini Kampala, ilitokea karibu na Nambale kuliko ilivyokuwa karibu na makao makuu ya mchezo huo nchini Kenya. Lakini huku mpakani inasimuliwa kama habari ya ugenini, wakati majina ya watu wake ni yale yale yanayoitwa kila asubuhi madarasani Amagoro, Malaba na Samia.

Mpaka wenyewe si wa kale. Hadi Aprili 1902 eneo hili lote, kufika karibu na Naivasha, lilikuwa Mkoa wa Mashariki wa Uganda. Waingereza ndio waliouhamishia upande uliokuja kuitwa Kenya. Hatimaye mito ya Malaba na Sio ikawa alama, Wateso wakabaki pande zote mbili, na Wasamia vivyo hivyo. Reli ilipopita Malaba na Tororo hadi kufika Kampala mwaka 1931, watu walizidi kuvuka. Ndiyo maana anayetafuta mabingwa wa eneo hili hana budi kuvuka pia.

Katwe ni mtaa wa mabanda ulio bondeni, na mvua ikinyesha maji huingia majumbani. Mwaka 2004 Robert Katende, kijana aliyesomea uhandisi na kupenda sana kandanda, alikuwa akifanya kazi huko na shirika la Kikristo la Sports Outreach. Alifundisha watoto mpira. Kila siku aliona wachache wamekaa pembeni, hawataki kucheza, wengine wakiogopa kuumia kwa kuwa nyumbani hakuna pesa za matibabu. Kwa ajili yao akaleta ubao wa sataranji. Walianza wavulana wachache tu. Kila aliyekuja alipata kikombe cha uji, na si aibu kusema kwamba wengi walifuata uji kwanza.

Mwaka 2005 msichana mmoja alimfuata kaka yake kimyakimya hadi kwenye varanda ya vumbi walipokuwa wakichezea. Alikuwa Phiona Mutesi, mwenye umri wa miaka kama tisa. Baba yake alikwisha kufariki, mama yake Harriet aliuza mboga sokoni Kibuye, na Phiona mwenyewe alikuwa ameacha shule kwa kukosa karo, akiuza mahindi ya kuchemsha. Aliyemwonyesha namna kila kete inavyotembea hakuwa Katende. Alikuwa mtoto wa miaka minne aitwaye Gloria, ambaye ndiye msichana mwenzake aliyekuwapo. Picha hiyo inastahili kukaa akilini: mtoto anayejua anamfundisha mkubwa asiyejua, kitunda hadi kitunda, farasi hadi ngome, na mkubwa hakasiriki.

Mwaka 2009 watoto watatu wa Katwe walikwenda Juba kuiwakilisha Uganda katika mashindano ya watoto ya Afrika: Phiona, Benjamin Mukumbya na Ivy Amoding. Walikutana na wachezaji wa nchi nyingine, wengi wao wakubwa kuliko wao kiumri, wakarudi na kombe la timu. Mwaka uliofuata Phiona alicheza Olimpiadi ya sataranji huko Khanty-Mansiysk, Siberia. Mechi yake ya kwanza ilikuwa dhidi ya Dina Kagramanov wa Kanada, na alishindwa. Alishindwa nyingine pia. Hakuna haja ya kulificha hilo, kwani ukubwa wa safari yake unaonekana vizuri zaidi mtu akijua aliketi mbele ya nani akiwa na mafunzo ya miaka mitano tu ya varandani.

Kisha ikaja Istanbul, 2012. Sheria ya wakati huo ilitaka angalau nusu ya pointi katika michezo tisa ya Olimpiadi ili mwanamke apewe cheo cha kwanza cha kimataifa, kilicho chini kabisa kati ya vyeo vinne vya wanawake. Phiona alikipata. Ivy Amoding alikipata pia. Kabla yao hakuna mwanamke wa Uganda aliyewahi kuwa na cheo chochote cha sataranji duniani.

Dunia ilimkumbuka mmoja. Tim Crothers aliandika kitabu kuhusu Phiona, na mwaka 2016 Mira Nair akaongoza filamu ya Disney ambamo Lupita Nyong'o aliigiza kama mama Harriet na David Oyelowo kama Katende. Filamu hiyo ilistahili kila sifa. Hata hivyo, inauma kidogo kwamba huku Teso, ambako jina Amoding ni la binti wa jirani, ni wachache wanaojua kuwa mwenye jina hilo alisimama bega kwa bega na Phiona siku historia ilipoandikwa.

Na si yeye peke yake. Elijah Emojong, jina jingine la Kiteso, alipanda hadi cheo cha bingwa wa kimataifa, ngazi moja chini ya grandimasta. Harold Wanyama amekuwa kwa miaka mingi miongoni mwa wachezaji wakali zaidi wa Uganda. Ukisema Wanyama huku Busia, kila mtu atataja kandanda na Victor wa Celtic na Tottenham. Arthur Ssegwanyi naye ana cheo kama cha Emojong. Waganda hawa huja Nairobi kwa mashindano ya Kenya Open, na kwa wengi wao safari hiyo hupitia Busia au Malaba.

Swali linalobaki ni kwa nini Afrika Mashariki haijatoa grandimasta. Amon Simutowe wa Zambia alipokea cheo hicho mwaka 2009, wa kwanza kusini mwa Sahara. Alikuwa na kipaji kikubwa, lakini pia alisoma Texas na kucheza Uholanzi, ambako mashindano yenye wachezaji wa kutosha wenye vyeo hufanyika mara kwa mara. Ili apewe cheo hicho, mchezaji anahitaji alama 2500 na matokeo matatu bora dhidi ya wapinzani wa kiwango maalumu. Wapinzani hao hawapatikani Kampala wala Nairobi kila mwezi. Kuwafuata ni tiketi ya ndege, viza na hoteli, na hapo ndipo kijana mwenye akili kuliko wote huishia kukaa nyumbani. Phiona na Benjamin walipata njia nyingine, wakaenda kusoma Chuo Kikuu cha Northwest, jimbo la Washington, Marekani.

Njia ya karibu zaidi ipo. Kanuni za kimataifa zinataka wapinzani wa mchezaji watoke angalau katika mashirikisho mawili ya nje ya nchi yake, na angalau watatu wawe na cheo anachokitafuta au cha juu yake. Busia ina Wakenya na Waganda tayari, na tangu 2018 kuvuka kunamalizikia kwenye kituo kimoja cha pamoja cha forodha na uhamiaji. Wakialikwa Wamisri watatu au wanne wenye cheo hicho, kwa mashindano ya raundi tisa, Mganda atakuwa na Kenya na Misri mbele yake, Mkenya atakuwa na Uganda na Misri, na kijana wa Nambale ataweza kutazama kila raundi kisha alale kwao.