Klabu ya Waliofungwa na Vera

Agosti 1929, mabingwa 22 wa sataranji walikusanyika Carlsbad, mji wa chemchemi za maji moto nchini Czechoslovakia. Wanaume walikuwa 21. Aliyebaki alikuwa Vera Menchik, binti wa miaka 23, na kualikwa kwake kuliwakera baadhi ya wenzake. Albert Becker wa Vienna, mchezaji hodari na mwandishi wa habari za mchezo huo, akatoa shauri la mzaha: yeyote atakayefungwa na binti huyu aandikwe uanachama katika “Klabu ya Vera Menchik”. Watu wakacheka. Raundi ya tatu Becker akaketi kukabiliana na Vera, akafungwa. Mchimba kisima huingia mwenyewe, na uanachama namba moja ukawa wake.

Mzaha ule ulikusudiwa kumdhalilisha Vera. Badala yake ukawa daftari la ushindi wake, na daftari lenyewe likatunzwa na wanaume.

Tuseme kweli lakini. Jedwali la matokeo ya Carlsbad lina mistari 22, na jina la Vera liko mstari wa mwisho kabisa. Pointi 3 katika michezo 21. Ukipitisha kidole kwenye mstari huo unakutana na sifuri, sifuri, sifuri, kisha ghafla moja: hapo amemfunga Becker. Mbele kidogo, moja nyingine: Friedrich Sämisch wa Ujerumani naye ameingia klabuni. Panda sasa hadi mstari wa Becker. Alimaliza na pointi 12, sawa na Max Euwe na Milan Vidmar. Pointi aliyoiacha kwa Vera ndiyo ambayo ingemweka peke yake juu ya hao wawili.

Vera alizaliwa Moscow Februari 1906, baba Mcheki, mama Mwingereza. Alipokuwa na miaka tisa baba yake alimfundisha sataranji. Mapinduzi ya Urusi yaliichukua mali ya familia, kwanza kinu, kisha nyumba, na mwaka 1921 ndoa nayo ikavunjika. Baba akarudi kwao Bohemia, na mama akawachukua Vera na mdogo wake Olga hadi Hastings, mji wa pwani kusini mwa Uingereza.

Kiingereza cha Vera wakati huo kilikuwa cha kubahatisha. Baadaye alieleza kwamba sataranji ilimfaa kwa sababu huchezwa kimya: mtu haombwi lugha mbele ya kete. Mwaka 1923 akajiunga na chama cha sataranji cha Hastings, na huko akapata mwalimu wa daraja la juu, Géza Maróczy wa Hungaria, mmoja wa magwiji wa dunia. Kwa Maróczy alijifunza mchezo wa subira. Hakuwa mtu wa kurusha kete mbele kutafuta mauaji ya haraka. Alijenga ukuta, akalinda askari wake, akangoja mpinzani achoke na kukosea.

Mwaka 1927, London, Shirikisho la Sataranji Duniani (FIDE) liliandaa mashindano ya kwanza ya ubingwa wa dunia wa wanawake. Vera alicheza michezo 11, akashinda 10 na kutoka sare mmoja. Tangu siku hiyo taji halikutoka kichwani mwake. Alilitetea Hamburg 1930, Prague 1931, Folkestone 1933, Warsaw 1935, Stockholm 1937 na Buenos Aires 1939. Katika mashindano manne, kuanzia Prague hadi Stockholm, alicheza michezo 45 akaishinda yote, bila hata sare moja. Jumla ya mashindano hayo saba ni michezo 83: ushindi 78, sare nne, kufungwa mara moja tu. Wanawake walikuwa wamemwishia.

Ndiyo maana alikwenda kwa wanaume, akijua anakokwenda kuna kipigo. Mabingwa wa dunia José Raúl Capablanca na Alexander Alekhine hakuwafunga hata mara moja. Mwaka 1935 alirudi Moscow, mji aliozaliwa, akacheza michezo 19 dhidi ya vigogo wa enzi hiyo. Akatoka na pointi moja na nusu, wa mwisho tena. Lakini miezi michache kabla ya Carlsbad, huko Ramsgate, Uingereza, alikuwa amemaliza sawa na gwiji Akiba Rubinstein, nusu pointi tu nyuma ya Capablanca. Na orodha ya klabu iliendelea kurefuka.

Aliyepewa cheo cha urais wa klabu hiyo kwa utani ni Max Euwe wa Uholanzi. Vera alimfunga Hastings katika mashindano ya mwisho wa mwaka 1930, na mwaka uliofuata akamfunga tena palepale. Mwaka 1935 Euwe huyohuyo alimvua Alekhine taji la dunia. Mwanachama mwingine alikuwa Sultan Khan wa Punjab, aliyekuwa bingwa wa Uingereza mara tatu. Yumo Samuel Reshevsky wa Marekani. Yumo pia Sir George Thomas, ambaye wapenzi wa mpira wa vinyoya wanamjua kwa Kombe la Thomas.

Mwaka 1937 Vera aliolewa na R. H. S. Stevenson, kiongozi wa sataranji wa Uingereza aliyemzidi umri kwa mbali, akapata uraia wa nchi hiyo. Ubingwa wa mwisho aliutetea Buenos Aires, mashindano yakiwa yanaendelea pale vita kuu ya pili ilipolipuka Septemba 1939. Timu ya wanaume ya Uingereza ilifunga virago. Vera akabaki. Mpinzani wake mkubwa, Sonja Graf, Mjerumani aliyetengwa na utawala wa Hitler, alicheza chini ya bendera isiyo ya nchi yoyote, iliyoandikwa “Libre”, yaani huru. Katika mchezo wao Graf alikuwa ameushika ushindi mkononi. Akakosea, na Vera, aliyekuwa amengoja kama alivyofundishwa, akauchukua yeye.

Becker naye alikuwa Buenos Aires siku hizo, katika timu ya Ujerumani. Hakurudi Ulaya. Alibaki Argentina hadi alipofariki mwaka 1984, na licha ya umahiri wake jina lake leo hutajwa zaidi kwa mzaha wa Carlsbad kuliko kwa mchezo wowote alioushinda.

Vera alirudi London vitani. Kituo cha taifa cha sataranji alichokisimamia kilibomolewa na mabomu mwaka 1940. Mwaka 1942 alimshinda Jacques Mieses, gwiji mzee aliyeikimbia Ujerumani, katika pambano la michezo 10. Mwaka 1943 mumewe akafariki. Juni 1944 bomu la kuruka lisilo na rubani, aina ya V-1, liliangukia nyumba ya akina Vera mtaa wa Gauden Road, Clapham. Mama, Olga na Vera wakafa pamoja. Vera alikuwa na miaka 38, na bado alikuwa bingwa wa dunia. Kiti chake kilikaa wazi hadi Lyudmila Rudenko wa Umoja wa Kisovieti alipokitwaa katika mashindano ya Moscow yaliyomalizika mwaka 1950.

Olimpiadi ya sataranji ya wanawake ilianza mwaka 1957, Emmen, Uholanzi. Mwaka 2012 ilifanyika Istanbul, na mmoja wa walioichezea Uganda alikuwa Phiona Mutesi, msichana wa Katwe, Kampala. Kombe linalotolewa kwa timu bingwa ya mashindano hayo linaitwa Kombe la Vera Menchik.