Ardhi Kabla ya Mchezo: Hatima ya Uwanja wa Baseball Ground wa Derby

Historia za viwanja vya michezo kwa kawaida huandikwa kama orodha ya matukio: timu ipi ilitwaa kombe, nani alifunga, mashabiki wangapi walihudhuria. Uandishi wa namna hiyo humpa msomaji matokeo na kumnyima sababu. Uwanja wa Baseball Ground, uliojengwa mwaka 1890 katika mji wa Derby, Uingereza, na kubomolewa mwanzoni mwa karne hii, unastahili maswali mazito zaidi. Kwa nini kiwanja kilichoandaliwa kwa ajili ya besiboli kilikuwa makao ya klabu ya kandanda kwa zaidi ya miaka 100? Na kwa nini klabu hiyo ilikihama wakati ambapo mashabiki wake walikuwa bado wanakipenda? Makala hii inadai kwamba majibu yote mawili yamo katika ardhi yenyewe. Mwenye kuimiliki, pamoja na yale yaliyoizunguka, ndivyo vilivyoamua mchezo upi uingie, uchezwe katika hali gani na uondoke lini. Utamaduni wa Waingereza, vipaji vya makocha na maagizo ya serikali ni sababu za kweli, lakini zilitenda kazi ndani ya mipaka ambayo ardhi ilikuwa imekwisha kuiweka.

Tuanze na mmiliki. Francis Ley alianzisha kiwanda chake cha kusubu vyuma mjini Derby mwaka 1874, mji ambao tayari ulikuwa kitovu cha reli na ufundi wa mitambo. Katika safari zake nchini Marekani aliuona mchezo wa besiboli, akavutiwa nao, na aliporejea akatenga sehemu ya ardhi iliyopakana na kiwanda iwe mahali pa wafanyakazi wake kuchezea. Wakati huo mfanyabiashara wa Kimarekani Albert Spalding, aliyekuwa amezuru Uingereza na wachezaji wake mwaka 1889, alikuwa akiutafutia mchezo huo soko jipya. Mwaka 1890 ikaanzishwa ligi ya kulipwa yenye timu nne: Derby, Aston Villa, Preston North End na Stoke. Tatu kati ya hizo zilisimama juu ya mabega ya klabu za kandanda. Derby pekee ilikuwa na tajiri mwenye uwanja wake mwenyewe uliotengenezwa mahsusi kwa besiboli. Mchezo wa kigeni haukuingia Derby kwa sababu wakazi waliuomba. Uliingia kwa sababu mtu mmoja alikuwa na kiwanja, fedha na nguvu kazi iliyoishi na kufanya kazi pembeni yake.

Wako watakaopinga kwamba besiboli ilikufa kwa sababu ya utamaduni: majira ya kiangazi yalikuwa ya kriketi, na Mwingereza asingeuacha mchezo wa babu zake. Pingamizi hili lina uzito, lakini halitoshi. Msimu wa 1890 ulivurugwa zaidi na ugomvi kuliko na ukosefu wa hamu. Derby iliwatumia Wamarekani, akiwemo mrushaji hodari, wapinzani wakalalamika kwamba mashindano hayakuwa ya haki, na hatimaye Derby ikajitoa. Ubingwa ukaenda Aston Villa. Hata hivyo mchezo haukuzimika hapo. Timu ya besiboli ya Derby ilitwaa ubingwa wa Uingereza mara tatu katika muongo huo, na miongoni mwa wachezaji wake alikuwamo Steve Bloomer, mshambuliaji ambaye Waingereza walimjua zaidi kwa mabao yake ya kandanda. Mtu yuleyule, katika kiwanja kilekile, alipiga mpira kwa gongo kiangazi na kwa mguu majira ya baridi. Utamaduni basi unaeleza kwa nini besiboli haikuenea nchi nzima. Hauelezi kwa nini iliweza kuishi Derby kwa takriban miaka 10, wala kwa nini kandanda ilifika mahali hapo.

Kandanda ilifika kwa sababu ilikosa pa kukaa kwingine. Klabu ya Derby County, iliyoanzishwa mwaka 1884 kama tawi la klabu ya kriketi ya jimbo na kuwa miongoni mwa waasisi 12 wa Ligi ya Kandanda mwaka 1888, ilikuwa mpangaji katika uwanja uliotumiwa pia kwa mbio za farasi. Kila tarehe za mbio zilipogongana na ratiba ya ligi, wachezaji wa kandanda ndio waliosogezwa kando. Mwaka 1895 klabu ikahamia kwa Ley moja kwa moja. Mchezo wake wa kwanza wa makao mapya ulikuwa dhidi ya Sunderland mwezi Septemba. Derby ilishinda 2–0, na mabao yote mawili yalikuwa ya Bloomer. Hapakuwa na ushindani wa kifikra ambamo kandanda iliishinda besiboli mbele ya umma. Palikuwa na klabu iliyonyimwa uhakika wa kiwanja na mwenye kiwanja aliyekuwa tayari kuipokea. Mpangaji mpya alipoanza kuingiza umati na mapato, mwenyeji wa awali akabaki na jina tu.

Ardhi ina kumbukumbu nyingine, ambayo wanahistoria wengi huichukulia kama porojo. Masimulizi ya wenyeji yanasema kwamba Waroma, watu wa jamii ya wahamaji, waliokuwa wamepiga kambi mahali hapo waliondolewa ili kiwanja kipatikane, nao wakaiapiza timu isitwae Kombe la FA kamwe. Derby ilishindwa katika fainali za 1898, 1899 na 1903, ile ya mwisho kwa mabao 6–0 dhidi ya Bury, na kila kipigo kiliipa laana hiyo nguvu. Kabla ya fainali ya 1946, inasimuliwa, nahodha Jack Nicholas aliwaendea Waroma kuomba msamaha; Derby ikaifunga Charlton Athletic 4–1. Mtu makini atasema kwamba hadithi si ushahidi, na ni kweli kwamba haithibitishi uhamisho wowote. Lakini inathibitisha jambo jingine: mashabiki wenyewe, wakitafuta maana ya kushindwa kwao, hawakulitazama benchi la ufundi. Walitazama chini, wakauliza mahali hapa palikuwa pa nani kabla yetu.

Mwaka 1924 klabu iliununua uwanja kwa pauni 10,000, lakini ununuzi huo haukuongeza nafasi. Upande mmoja ulikuwa na kiwanda. Pande nyingine zilibanwa na mitaa ya nyumba za wafanyakazi zilizoungana kuta. Njia pekee ya kukua ilikuwa kwenda juu. Katika miaka ya 1930 nyuma ya magoli yote mawili kukawa na majukwaa ya ghorofa, na mwaka 1969 jukwaa jipya lililoitwa Ley likapandishwa upande wa kiwanda. Mwaka huohuo, mwezi Septemba, watu 41,826 waliishuhudia Derby ikiifunga Tottenham Hotspur 5–0, na idadi hiyo haikupitwa tena. Watazamaji walikuwa karibu na mstari wa pembeni kiasi cha wachezaji kusikia kila neno. Ila majukwaa yaleyale yaliyokuza kelele yalizuia jua na upepo, na nyasi zikawa tope kila majira ya baridi. Mwezi Aprili 1977, katika mchezo dhidi ya Manchester City, mwamuzi aliipa Derby penalti na alama ya kupigia haikuonekana. Mtunza uwanja akaingia na futi ya kupimia na ndoo ya rangi nyeupe, akapima kutoka mstari wa goli, akachora alama upya mbele ya umati. Kipa wa City, Joe Corrigan, alionyeshwa kadi kwa kulalamika, na Gerry Daly akafunga.

Hapa linajitokeza pingamizi kubwa zaidi. Ubingwa wa ligi wa 1972 uliletwa na kocha Brian Clough, na ule wa 1975 na kocha Dave Mackay. Tope halikumfunga mtu bao. Nakubali kabisa. Tope hilohilo lilikuwapo klabu iliposhuka hadi daraja la tatu mwaka 1955, na lilikuwapo iliposhuka tena mwaka 1984. Ardhi haielezi nani alishinda. Inaeleza ushindi ulipatikana katika mazingira gani, na faida yake ilifika wapi. Oktoba 1972 Benfica, iliyokuwa na Eusébio, mzaliwa wa Lourenço Marques, Msumbiji, ilifungwa 3–0 katika uwanja huo na kutolewa katika Kombe la Ulaya. Klabu ndogo ya mji wa viwanda ilikuwa imewaita vigogo wa bara zima kwenye uchochoro wake. Lakini mafanikio hayo hayangeweza kugeuzwa kuwa uwanja mkubwa zaidi, kwa kuwa nyuma ya kila ukuta palikuwa na jirani.

Pingamizi la mwisho linahusu serikali. Baada ya maafa ya mashabiki katika uwanja wa Hillsborough ya Aprili 1989, ripoti ya Jaji Taylor ya mwaka 1990 ilitaka klabu za madaraja ya juu ziwe na viti kwa watazamaji wote. Baseball Ground, uliotegemea watu kusimama, ukabaki na nafasi ya watu wapatao 18,000. Basi si ripoti ndiyo iliyouua? Agizo hilo lilikuwa sahihi, kwa sababu uhai wa shabiki ni mkubwa kuliko kumbukumbu zake, na lilizihusu klabu zote za ngazi hiyo. Anfield, Old Trafford na Villa Park viliwekewa viti na vikadumu. Sunderland, Bolton na Stoke zilihama mwaka uleule wa 1997 ambao Derby ilihama. Sheria moja ilitoa matokeo tofauti, na nafasi ya kupanuka ilikuwa sehemu kubwa ya tofauti hiyo. Derby ilifikiria kwanza kuujenga upya uwanja wake wa zamani, kisha ikachagua Pride Park, eneo la viwanda vya zamani lililokuwa likisafishwa na kuendelezwa upya. Mechi ya mwisho ya ligi, dhidi ya Arsenal Mei 1997, iliisha kwa kipigo cha 3–1. Kiwanda cha Ley kilikuwa kimekwisha kufungwa katika miaka ya 1980, na leo mahali pa uwanja pana nyumba za makazi na sanamu ya ukumbusho.

Fundisho la Derby linavuka mipaka ya mji huo. Tajiri mwenye nia njema aliweza kuleta mchezo, lakini hakuweza kuupa mizizi kwa amri. Klabu iliyopata mahali pa kudumu ilijenga utii wa vizazi vinne au vitano, kisha ikabanwa na ukaribu uleule uliouzaa utii huo. Kwa hiyo anayepanga uwanja mpya popote, kabla ya kuhesabu viti na kuchora paa, anapaswa kuuliza ardhi hiyo ni ya nani, nani anaishi kando yake, na miaka 50 baadaye itaruhusu nini. Maswali hayo yakiachwa bila majibu leo, watakaolipa gharama yake ni mashabiki ambao bado hawajazaliwa.