Baada ya Raundi ya Tatu

Wakamba huita bwawa silanga, na kijiji chetu cha Silanga, Kibera, kimepata jina hilo kwa kuwa kimepakana na Nairobi Dam, lililojengwa mwaka 1953. Maji yenyewe siku hizi ni shida kuyaona. Magugu maji yameyafunika. Jioni vijana hukimbia kwenye vumbi la ukingoni, viganja vimefungwa vitambaa, wakirusha makonde hewani. Kocha ameshika saa. Dakika tatu, pumzika moja. Dakika tatu, pumzika. Dakika tatu, basi. Wanafungua vitambaa, wanavikunja vizuri kwa ajili ya kesho, wanarudi makwao.

Juzi nilipowatajia Philip Waruinge, mmoja wao aliniuliza kwa adabu, "Mzee, huyo naye alikuwa wa klabu gani?" Sikumlaumu. Aibu ni yetu sisi tuliomjua tukanyamaza. Basi nimeandika haya kwa ajili yake.

Waruinge alizaliwa mwaka 1945 na jina lake limeshikamana na Nakuru, mji uliokuwa chimbuko la ndondi nchini, wenye ukumbi wa mazoezi ambao wenyeji waliupa jina la Madison Square Garden bila kuona haya. Alikuwa wa uzani wa unyoya, kilo 57. Mwaka 1966 alitwaa dhahabu ya Jumuiya ya Madola mjini Kingston, Jamaika, na mwaka 1970 akairudia mjini Edinburgh. Katikati ya hizo mbili ikaja Mexico.

Michezo ya Olimpiki ya 1968 ndiyo inayonirudia kila mara. Katika nusu fainali Waruinge alipangiwa Antonio Roldán, kijana wa hapo hapo Mexico, mbele ya watu wa kwao. Majaji watano wakagawanyika, watatu kwa wawili, na ushindi ukaenda kwa mwenyeji. Waruinge akapewa shaba. Kisha yakafuata makubwa: kombe la Val Barker, linalotolewa kwa bondia mwenye ufundi kuliko wote katika mashindano mazima, wa uzani wowote na wa nchi yoyote, likaenda kwa yule yule wa shaba. Ni nadra sana kombe hilo kumwendea mtu asiyefika fainali. Miaka minne baadaye, mjini Munich, alifika fainali, akakutana na Boris Kuznetsov wa Umoja wa Kisovyeti. Tena majaji wakagawanyika, tena watatu kwa wawili, tena akawa upande wa wawili. Fedha.

Mwaka 1973, akiwa na umri wa miaka 28, aliacha ngumi za ridhaa akaenda Japani kupigana kwa kulipwa. Huko jina lake la ulingoni likawa Waruinge Nakayama. Wakenya waliotangulia kuishi kwa ngumi ugenini walihesabika kwa vidole, kwa hiyo hakuwa na wengi wa kuwauliza njia.

Hapa lazima nieleze jambo ambalo anayetazama ndondi kwenye televisheni huenda asilione. Bondia wa ridhaa wakati ule alipigana raundi tatu za dakika tatu tatu. Ufundi wote wa Waruinge, ule ulioshangaza Mexico, uliundwa kutoshea dakika tisa: kugusa, kutoka, kugusa tena, kukusanya pointi. Pambano la ubingwa wa kulipwa lilikuwa la raundi 15. Hizo ni dakika 45. Mtu aliyezoea kumaliza pumzi yake katika raundi ya tatu sasa alitakiwa kuigawa mara tano, huku mpinzani akimtwanga mbavu tangu mwanzo kwa sababu anajua mbavu hulipa deni lake katika raundi ya kumi. Wanaoanza kazi hiyo wakiwa na miaka 18 hupanda ngazi polepole: raundi nne, sita, nane, kumi. Waruinge aliikuta ngazi hiyo ujana umekwisha kutumika.

Hata hivyo aliipanda. Baraza la ndondi la dunia, WBC, lilipoanzisha uzani mpya wa supa-bantamu, mmoja wa wawili walioitwa kugombania mkanda wa kwanza kabisa alikuwa yeye. Tarehe 3 Aprili 1976, mjini Panama, alipanda ulingoni dhidi ya Rigoberto Riasco, Mpanama. Kwa mara nyingine mtoto wa Nakuru alikuwa akipigana nyumbani kwa mwenzake. Pambano lilikwisha katika raundi ya 8, Riasco akiwa bingwa. Kufikia mwaka 1978 kazi ya Waruinge ya kulipwa ilikuwa imekwisha.

Aliyemfuata njia hiyo ni Stephen Muchoki. Mwaka 1978 alikuwa bingwa wa dunia wa ridhaa mjini Belgrade. Olimpiki hakuipata katika miaka yake mizuri, kwani Kenya ilisusia Montreal 1976 na Moscow 1980. Akaingia katika ngumi za kulipwa, na mwaka 1982 mjini Copenhagen akapigana na bingwa wa chama cha ndondi cha dunia, WBA, Mwargentina Santos Laciar. Raundi ya 13, akasimamishwa.

Kisha Robert Wangila. Seoul, mwaka 1988, fainali ya uzani wa welta, alimwangusha Mfaransa Laurent Boudouani katika raundi ya pili. Hadi leo hiyo ndiyo dhahabu pekee ya Olimpiki ya Kenya katika ndondi. Akahamia Marekani na kushinda mapambano 22. Tarehe 22 Julai 1994, mjini Las Vegas, mwamuzi alisimamisha pambano lake na David Gonzales katika raundi ya 9. Wangila alilalamika kwamba bado anaweza. Alipofika chumba cha kubadilishia nguo akazimia, na baada ya siku mbili akafariki. Alikuwa na miaka 26.

Raundi ya 8, ya 13, ya 9. Nimezipanga hivyo mara nyingi kichwani, na siamini kwamba walikosa moyo. Tuliwafunza dakika tisa tu. Jeshi, polisi na magereza ziliwapa mabondia wetu wa ridhaa kazi na mshahara, na hilo ni jema, lakini anayetaka kulipwa hakuwa na ngazi ya kupanda hapa nyumbani. Tuliwatuma wakiwa wamekamilika kwa kazi moja wakafanye nyingine.

Bondia wetu Fatuma Zarika hakuwa na njia hiyo ya raundi tatu hata kama angeitaka. Alipoanza kulipwa mwaka 2001, Olimpiki haikuwa na ndondi za wanawake. Zililetwa London mwaka 2012. Alijifunza mapambano marefu kwa kuyapigana. Alishindwa, akarudi, akashindwa tena. Tarehe 1 Oktoba 2016, mjini Flint, Michigan, alipigana raundi zote kumi na Alicia Ashley. Majaji wakagawanyika, na safari hii Mkenya akawa upande wa wengi. Mkanda aliokuja nao ulikuwa wa WBC, uzani wa supa-bantamu, uzani ule ule ambao Waruinge aliufuata Panama miaka 40 kabla.

Kocha wangu wa hapa bwawani, saa unayo mkononi. Aliye na nia ya kulipwa, kesho usimwachie avifungue vitambaa. Mwongeze raundi ya nne.