Trenton haikutekwa na pombe

Desemba 2026 inatimia miaka 250 tangu George Washington avuke Mto Delaware na kuivamia Trenton, New Jersey, na uzushi wa zamani umeanza kusimuliwa upya: kwamba Wajerumani waliokodiwa na Uingereza walishindwa kwa sababu walilewa Krismasi.

Mwaka 1776 uliwaendea vibaya wanamapinduzi wa Marekani. Walipigwa Long Island mwezi Agosti, wakapoteza Fort Washington mwezi Novemba, kisha wakafukuzwa hadi ng'ambo ya mto, Pennsylvania. Mikataba ya askari wengi ilikuwa inakwisha Desemba 31.

Usiku wa Desemba 25, wavuvi na mabaharia wa Marblehead wakiongozwa na Kanali John Glover, wakiwamo weusi, waliwavusha watu 2,400 na mizinga 18 katikati ya mapande ya barafu. Vikosi viwili vilivyotakiwa kuvuka kwingineko vilishindwa. Waliovuka walitembea katika dhoruba, wakaingia Trenton saa mbili asubuhi, kumeshakucha.

Hapo ndipo uzushi unapoingia. Mwanahistoria David Hackett Fischer, aliyepata Tuzo ya Pulitzer kwa kitabu chake juu ya uvukaji huo, anaukataa uzushi huo kabisa. Kwa siku kadhaa wanamgambo wa New Jersey, wakulima waliochoshwa na uporaji, walikuwa wakivizia doria za Kanali Johann Rall, kamanda wa Wajerumani hao, na kuzifyatulia risasi. Askari wake walilala na sare mwilini na bunduki kando. Walikuwa hoi kwa uchovu. Rall mwenyewe ana lawama yake: alishauriwa kujenga maboma, akapuuza. Alijeruhiwa vibaya akafa, na askari wake wapatao 900 wakatekwa.

Nakubaliana na Fischer, tena kwa uchungu. Anayesema adui alikuwa amelewa anawapora wakulima wale jasho lao, na wavuvi wale ujasiri wao. Mchoro maarufu wa Emanuel Leutze wa mwaka 1851 umemkuza jenerali aliyesimama mashuani. Majina ya waliopiga makasia ni wachache wanaoyatafuta. Siku hizi kila Krismasi watu huvaa sare za kale na kuigiza uvukaji huo, na watazamaji humngoja Washington.

Ushindi ule uliwafanya askari wengi wakubali kubaki wiki sita zaidi kwa dola 10, na Januari 3, 1777 wakashinda tena Princeton. Wavuvi wengi wa Glover hawakuwapo. Mkataba wao ulikuwa umekwisha, wakarudi baharini.