Kwa nini Kodok haikuleta vita mwaka 1898, na Sarajevo ikaleta mwaka 1914

Juma hili zamu ya kuandika imetufikia sisi wa kujitolea hapa kambini Nesitu. Swali mlilotutumia ni fupi: Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia ilianza kwa sababu gani?

Shuleni wengi wetu tulijibu hilo swali kwa mstari mmoja na tukapewa alama. Tarehe 28 Juni 1914, mjini Sarajevo, kijana wa miaka 19, Gavrilo Princip, Mserbia wa Bosnia, alimpiga risasi Franz Ferdinand, mrithi wa kiti cha Austria-Hungaria, pamoja na mke wake Sophie. Vita ikaanza. Mwalimu akaweka tiki, tukaendelea na mada nyingine.

Sasa sikilizeni kilichotufanya tusiridhike na hilo jibu. Mwezi uliopita watoto wawili hapa waligombania foleni bombani. Mmoja alisogeza ndoo ya mwenzake. Kaka wa huyu akaja, wajomba wa yule wakaja, na kufikia jioni wanaume wa pande mbili walikuwa wamesimama na fimbo, kila upande ukisema hauwezi kuacha ndugu zake. Mama mmoja mzee akaingia katikati: "Wanangu, giza limeshaingia, leo hakuna kuongea. Kesho asubuhi tutakaa." Watu wakanung'unika, wakaenda kulala. Asubuhi tulipokaa, kumbe ni ndoo tu. Baadaye mmoja wetu akasema, "Kama mtu angekufa jana, leo tungesema vita imeletwa na ndoo."

Tulicheka, lakini hilo neno lilikaa nasi. Ndoo peke yake haileti vita. Basi na risasi ya Sarajevo je? Na ili kujibu, hatuna haja ya kuanzia Ulaya. Tuanzie hapa hapa Sudan Kusini, Kodok, kwenye Mto Nile, nchi ya Washilluk. Zamani paliitwa Fashoda.

Kodok, 1898

Miaka ile Waingereza walitaka Nile yote mikononi mwao. Walikuwa wameikalia Misri tangu 1882, na Misri bila Nile si kitu. Wafaransa nao walikuwa wanasukuma kutoka magharibi kwenda mashariki, na Nile ilikuwa njiani. Tarehe 10 Julai 1898, afisa Mfaransa Jean-Baptiste Marchand alifika Fashoda baada ya safari ndefu kutoka pwani ya Atlantiki, akiwa na askari wa Kiafrika wasiofika 200. Tarehe 19 Septemba akafika Jenerali Kitchener na meli zake za mizinga. Alikuwa ametoka tu kuwashinda Wamahdi kule Omdurman tarehe 2 mwezi huohuo.

Hawakupigana. Kitchener alipandisha bendera ya Misri, si ya Uingereza, ili asimchokoze mwenzake kupita kiasi. Wakanywa pamoja, wakakubaliana kila mmoja angoje neno la serikali yake. London na Paris walizozana kwa zaidi ya wiki sita. Magazeti ya pande zote yalipiga kelele za vita. Mwanzoni mwa Novemba Ufaransa ikaamua kuondoka, na Desemba Marchand akafunga mizigo. Machi 1899 wakaandikiana mpaka: nchi ambayo maji yake yanakwenda Nile iwe upande wa Mwingereza, na ile ambayo maji yake yanakwenda Kongo iwe upande wa Mfaransa.

Kwa nini Ufaransa ilirudi nyuma? Jeshi lake la majini halikuweza kushindana na la Uingereza. Rafiki yake wa mkataba, Urusi, hakutaka kupigana kwa ajili ya kinamasi cha Nile. Kwa hiyo Ufaransa ilijikuta peke yake. Na zaidi ya hayo, kulikuwa na muda. Wiki sita zinatosha kwa hasira kupoa na kwa wakubwa kuhesabu gharama.

Lakini tuseme ukweli: hiyo amani ilikuwa ya wao kwa wao. Washilluk, wenye nchi, waliamuliwa na watu wa Paris na London ambao hawakuwahi kuiona Kodok.

Marafiki wanaofunga kamba

Waziri wa mambo ya nje wa Ufaransa wakati wa Fashoda alikuwa Théophile Delcassé. Yeye aliona kwamba adui wa kuogopwa ni Ujerumani, na kwamba kugombana na Uingereza ni hasara. Tarehe 8 Aprili 1904 yeye huyohuyo akafikia mapatano na Waingereza: Uingereza iachiwe Misri, Ufaransa iachiwe Moroko. Mwaka huohuo Waingereza wakabadilisha jina la Fashoda kuwa Kodok, ili wasitoneshe kidonda cha rafiki mpya.

Sasa Ujerumani ikasema: na sisi je? Mwaka 1905 Mfalme Wilhelm II akaenda mwenyewe Tangier, Moroko, kuonyesha kwamba hajaulizwa. Mwaka 1911 Wajerumani wakatuma meli ya kivita Agadir. Mara zote mbili vita ilikaribia, na mara zote mbili wakapatana. Mara ya pili Ufaransa iliituliza Ujerumani kwa kuipa sehemu ya koloni lake la Kongo. Waliokuwa wanaishi pale walibadilishiwa bwana kama mtu anavyobadilisha noti dukani.

Na hata hapa karibu yetu ilikuwa hivyohivyo. Mwaka 1894 Uingereza, ikitaka kuzuia Wafaransa wasifike Nile, ilimkodishia Mfalme Leopold II wa Ubelgiji ng'ambo ya magharibi ya mto, eneo lililoitwa Lado. Rejaf, hapo jirani na Juba, ilikuwa ndani yake. Nesitu iko ng'ambo ya mashariki, kwa hiyo sisi tulibaki nje. Leopold alipokufa Desemba 1909, eneo likarudishwa Sudan mwaka 1910, na mwaka 1914 sehemu yake ya kusini ikapewa Uganda. Wenzetu mlioko Rhino Camp na Bidibidi, hapo mnapolala ni hiyo sehemu.

Mchezo huo wa kulipana kwa ardhi za wengine ulikuwa na hatari moja. Kila ugomvi ulipoisha, marafiki walizidi kufungana kamba. Ujerumani na Austria-Hungaria zilikuwa na mkataba tangu 1879, na Italia ikaingia 1882. Ufaransa na Urusi zilikuwa na wao tangu 1894. Mwaka 1907 Uingereza na Urusi nazo zikapatana. Ulaya ikawa kama ile jioni ya bombani: kila mtu ana wajomba nyuma yake.

Saa 48, saa 12, saa 12

Turudi Sarajevo. Franz Ferdinand aliuawa tarehe 28 Juni, lakini vita haikuanza siku hiyo. Ilichukua mwezi mzima, na katika huo mwezi kuna watu waliofanya uamuzi, hatua kwa hatua.

Tarehe 5 na 6 Julai, Ujerumani iliiahidi Austria-Hungaria kuiunga mkono hata kama ugomvi utaileta Urusi. Tarehe 23 Julai Austria-Hungaria ikaipa Serbia masharti makali na saa 48 za kujibu. Serbia ikakubali karibu yote. Haikutosha, na tarehe 28 Julai ikatangaziwa vita. Tarehe 30 Urusi, iliyojiona kama kaka mkubwa wa Waserbia, ikaita majeshi yake yote. Tarehe 31 Ujerumani ikaipa Urusi saa 12 isimamishe, na tarehe 1 Agosti ikaitangazia vita. Mpango wa majenerali wa Ujerumani ulikuwa kuiwahi Ufaransa kwanza kwa kupitia Ubelgiji, kwa hiyo jioni ya tarehe 2 Agosti Ubelgiji nayo ikapewa saa 12 ifungue njia. Ikakataa. Tarehe 3 Ujerumani ikaitangazia Ufaransa vita, na tarehe 4 Uingereza ikaingia, ikisema inalinda mkataba wa 1839 ulioahidi kwamba Ubelgiji haitaguswa.

Linganisheni. Kodok walikuwa na zaidi ya wiki sita. Mwaka 1914 walipeana saa 48, halafu saa 12, halafu saa 12. Kodok, rafiki wa Ufaransa alikataa kuisukuma. Mwaka 1914 Ujerumani iliiambia Austria-Hungaria "nenda, niko nyuma yako". Hakukuwa na mtu wa kusema tukae asubuhi, na waliojaribu kusema hawakusikilizwa.

Karatasi iliyotakiwa kutulinda

Jambo hili wengi wetu hatukufundishwa. Mkataba wa Berlin, uliotiwa saini 26 Februari 1885, ulikuwa na kifungu kilichoruhusu bonde la Kongo, na nchi za mashariki yake hadi Bahari ya Hindi, zikae nje ya vita vya Ulaya. Lakini ilibidi wanaopigana wenyewe wakubali. Mwanzoni mwa Agosti 1914 Ubelgiji iliomba Kongo iachwe kando. Gavana Heinrich Schnee kule Dar es Salaam naye alipenda koloni lake likae nje. Waingereza hawakutaka. Na kamanda wa jeshi la Wajerumani, Lettow-Vorbeck, alitaka vita, ili askari wa Uingereza washughulike huku badala ya kwenda Ulaya.

Tarehe 8 Agosti meli ya Kiingereza ikapiga mizinga Dar es Salaam. Tarehe 15 Wajerumani wakachukua Taveta, upande wa Kenya. Mwezi huohuo wakashambulia upande wa Wabelgiji katika Ziwa Tanganyika, karibu na Kalemie ya leo. Hivyo Kongo nayo ikaingia, na Septemba 1916 jeshi lake likateka Tabora.

Waliolipa zaidi ni wapagazi. Waingereza peke yao waliandikisha karibu milioni 1, na waliokufa kwa hesabu zao wenyewe wanapita 90,000, wengi kwa njaa na magonjwa. Jina la Kariakoo, Dar es Salaam, linatokana na hicho kikosi cha wapagazi. Lettow-Vorbeck aliweka silaha chini tarehe 25 Novemba 1918, wiki 2 baada ya Ulaya kunyamaza. Baada ya hapo Tanganyika ikapewa Uingereza, Rwanda na Burundi zikapewa Ubelgiji. Noti ikabadilishwa tena.

Tunabaki na nini?

Nyumbani kwetu, Kongo, Sudan Kusini au kwingine, kila mmoja ameshasikia mtu mzima akisema: "Vita yetu ililetwa na kabila fulani," au "ilianza siku fulani alipouawa fulani." Hatuwadharau wazee wetu. Lakini jibu kama hilo linawaachia huru walioahidi silaha, walioandikiana mipaka na waliokataa kungoja. Linatuachia sisi chuki tu, ya kubeba kama mpagazi anayebeba mzigo usio wake.

Kumbukeni pia kwamba Kitchener wa Kodok ndiye aliyekuwa waziri wa vita wa Uingereza Agosti 1914. Mtu yuleyule. Kwa hiyo tusiseme mwaka 1898 walikuwa watu wema na mwaka 1914 watu wabaya. Tofauti ilikuwa muda waliopeana, na maneno ya marafiki waliosimama nyuma yao.

Na ndugu zetu wa mashirika mnaosoma hapa: ugomvi ukitokea bombani, msiulize tu nani alisogeza ndoo. Ulizeni nani amesimama nyuma ya nani, na kama kuna mzee anayeweza kupata usiku mmoja.

Juma lijalo tuandikieni: kwenu, ni nani aliwahi kusema "tungoje asubuhi", na watu wakamsikiliza?