Televisheni ya Sauti ya Kenya na Tanzia za Kiswahili: Historia Fupi

Televisheni nchini Kenya ilianza mwaka 1962, kwa mtambo uliotiwa katika nyumba ya shamba huko Limuru, na mawimbi yake hayakuvuka masafa ya maili 15. Na hata baada ya serikali kulitwaa Shirika la Utangazaji mwaka 1964 na kulipa jina la Sauti ya Kenya, jamaa wa Likoni, Kisauni na Changamwe, waliokuwa na redio yao ya Sauti ya Mvita tangu zama za ukoloni, walisubiri hadi mwaka 1970 ndipo kituo cha televisheni kikafunguliwa Mombasa.

Wakati huo tanzia za kuchezwa humo zilikuwa zimeanza kupatikana kwa Kiswahili: Mwalimu Julius Nyerere alikuwa amekwisha kuutafsiri mchezo wa Shakespeare juu ya Kaizari, mwaka 1963, akausahihisha na kuutoa tena mwaka 1969 kwa jina la Juliasi Kaizari, naye S. S. Mushi alileta Makbeth mwaka 1968, kisha, mwaka 1971, Mfalme Edipode wa Sophocles. Mwalimu aliviacha vina, jambo ambalo washairi wa Mvita huliona kuwa kasoro, lakini kwa mchezaji ni tunu, kwani maneno yasiyofungwa na vina humtoka kinywani kama mazungumzo, na kamera, imkaribiayo mtu hata ikauona mshipa wa shingo, haistahimili sauti kubwa ya jukwaani.

Njia ya kuzileta tanzia kwenye televisheni ilikuwa imekwisha kufunguliwa na BBC: tarehe 24 Julai 1938, katika Alexandra Palace, London, Dallas Bower aliutoa mchezo huo wa Kaizari, wachezaji wakivaa mavazi ya zama zao, ukaenda hewani papo hapo.

Kwa studio ndogo, hata hivyo, naona Edipode ndiye afaaye zaidi. Kisa chote hupita mbele ya mlango wa jumba la mfalme, na dhara lililo kuu, la mfalme kujipofua macho, hujiri ndani na kuletwa na mjumbe kwa maneno, hata hapahitajiwi jeshi wala farasi. Hutosha uso wa mtu amtafutaye mwenye hatia, kisha, kidogo kidogo, akatambua kuwa ndiye yeye. Mtu wa Pwani, aliyefunzwa habari za kadari tangu chuoni, hahitaji kufasiriwa kisa hicho.

Mwaka 1989 Sauti ya Kenya ilirudia jina la Shirika la Utangazaji la Kenya. Twawaomba wakuu wake, pamoja na walimu wa Likoni, Kisauni na Changamwe, wawape vijana wetu kamera na fursa ya kumcheza Edipode kwa Kiswahili.