Rufaa kwa Waziri Kwanza: Daftari la Ardhi na Mlango wa Mahakama nchini Kenya

Malawi, kwa Sheria yake ya Ardhi ya Kimila ya mwaka 2016, imeunda mabaraza ya kusikiliza migogoro ya ardhi kabla haijafika Mahakama Kuu. Ninaandika nikiwa Lilongwe, lakini nimeitazama Kenya kwa kuwa huko ngazi ya namna hii imepandwa kwa zaidi ya miaka 50.

Sheria ya Kenya ya mwaka 1968 ilikusudia haki za ardhi ya kimila zithibitishwe na kuandikwa katika daftari la serikali. Aliyeona shamba lake limeandikwa jina la jirani hakuweza kukimbilia mahakamani. Daftari likitangazwa kuwa limekamilika, alikuwa na siku 60 za kuweka pingamizi kwa afisa wa ardhi. Asiporidhika, alipewa siku 60 nyingine za kukata rufaa kwa Waziri. Kifungu cha 30 kiliwafunga mahakimu mikono: bila kibali cha afisa huyo, kesi haisikilizwi mpaka daftari liwe la mwisho.

Siuoni utaratibu huu kuwa wa kipuuzi. Wazee wa kamati ya kijiji wanajua nani alipanda ile miembe. Jaji aliyeko Nairobi atajulia wapi? Mwaka 1992 Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Spika wa Bunge dhidi ya Karume, ilisema sheria ikiweka njia ya malalamiko, njia hiyo ifuatwe. Kesi yenyewe haikuhusu shamba la mtu, lakini majaji wa ardhi wanainukuu mpaka leo.

Ubaya umo kwenye ngazi ya juu. Waziri alikasimu rufaa hizo kwa wakuu wa wilaya, watu wenye shughuli nyingine tele, na sheria haikuwawekea muda wa kuamua. Mwananchi akija siku ya 61, mlango umefungwa. Serikali ikikawia miaka kumi, hakuna wa kuifungia. Zipo rufaa zilizongoja hadi mlalamikaji akafariki, wanawe wakazirithi pamoja na mgogoro. Tena uamuzi wa Waziri ni wa mwisho. Mahakama hupitia tu kama aliwasikiliza wote na hakuvuka mamlaka yake. Shamba ni la nani, haiulizi.

Sheria ya mwaka 2015 kuhusu haki katika maamuzi ya kiutawala imerudia sharti lilelile la kumaliza rufaa kwanza, ila jaji anaweza kumwondolea mtu sharti hilo pakiwa na hali ya kipekee, mradi mwenyewe aombe. Kwangu, kungoja miaka kumi bila jibu ni hali ya kipekee, hata kama wanaongoja hivyo ni wengi.